Chuo Kikuu cha Saa Kumi na Mbili

Hotuba iliyotolewa jioni ya msimu wa kusi, Mji wa Kale, Mombasa, mbele ya wanafunzi wa sekondari, wazazi wao na majirani.

Assalaam aleikum, na habari za jioni kwenu nyote. Wazee wangu mlioketi mbele, shikamooni. Kina mama mliokuja na watoto wadogo, msione haya wakilia. Hapa ni kwetu.

Walionialika waliniomba nizungumzie elimu ya kesho. Nimefundisha fizikia hapa Pwani miaka thelathini na mmoja, na mikutano mingi ya elimu ya kesho niliyohudhuria ilihusu kompyuta. Leo naomba niwapeleke mbali zaidi ya hapo. Nataka niwaeleze habari za chuo kikuu ambacho hakipo. Kimejengwa na wanafunzi kumi na wanne, wale mnaowaona wamesimama ukutani kwa kukosa viti. Wamekijenga Jumamosi baada ya Jumamosi, kwa karatasi za manila, gundi na ubishi. Kazi yangu ilikuwa kukagua hesabu zao. Fikra ni zao, na nimekuja kuzitetea.

Chuo hicho kiko kwenye sayari ya Proxima b. Nyota iliyo jirani zaidi na jua letu inaitwa Proxima Centauri, na aliyeigundua ni Robert Innes mwaka 1915, akiwa kwenye kituo cha kutazamia nyota mjini Johannesburg. Lishikeni hilo tafadhali. Jirani wa kwanza wa jua letu alitambuliwa kutoka Afrika, kwa kuwa nyota hiyo iko upande wa kusini wa mbingu na huko Ulaya haionekani kabisa. Mwaka 2016 wanafalaki wakatangaza kwamba inazungukwa na sayari ambayo uzito wake haupungui wa dunia yetu. Sisi tuko kilomita milioni 150 kutoka kwa jua. Sayari ile iko kilomita milioni saba na ushei kutoka kwa nyota yake, na huizunguka kwa siku 11 na sehemu kidogo. Huo ndio mwaka wake mzima.

Tulianza na chungwa. Tulizima taa za darasa, tukawasha kandili moja mezani, na binti mmoja akalishika chungwa kwa kijiti akilizungusha kuizunguka kandili. Nikamwambia alizungushe bila kuligeuza, kovu la kikonyo likiielekea kandili wakati wote. Wanafalaki wengi wanaona kwamba sayari iliyo karibu hivyo na nyota yake huvutwa mpaka uso wake mmoja ukafungwa kuielekea nyota, kama mwezi wetu ulivyofungwa kutuelekea sisi. Upande mmoja mchana hauishi, upande wa pili usiku hauishi. Jua halichomozi wala halizami. Limesimama, limekuwa rangi ya kaa la moto, na upana wake ni kama mara tatu ya jua letu.

Basi wajenge wapi? Katikati ya mchana ule pangeungua, na katikati ya usiku ule pangeganda. Wakakubaliana kwamba mahali pa kuishi ni ule ukanda mwembamba unaoizunguka sayari pale mwanga unapokutana na giza, ambapo jua liko ukingoni mwa upeo siku zote. Walikuwa wakitafuta jina la ukanda huo. Mmoja akasema ukanda wa machweo, mwingine akasema hapana, ukanda wa mawio. Ndipo kijana mmoja aliyekuwa kimya saa nzima akasema, "Mwalimu, hapo si ni saa kumi na mbili?"

Mwenzake akamuuliza, "Ya asubuhi au ya jioni?"

Akajibu, "Haijulikani. Ni saa kumi na mbili tu."

Ndugu zangu, nimefundisha mwendo wa dunia miaka yote hiyo na sikuwahi kuliona jambo hilo. Saa yetu sisi Waswahili imefungwa kwenye jua. Jua likishachomoza vizuri tunasema saa moja, likiwa utosini saa sita, na linapochomoza na linapozama tunatumia neno moja, saa kumi na mbili. Kwa hiyo mtoto wa Kibokoni, mtaa wetu hapa Mji wa Kale, alipotazama mchoro wa sayari iliyo mbali namna ile, lugha yake ilikuwa na jina tayari. Mtu anayehesabu saa hadi 24 kuanzia usiku wa manane asingeuona mlango huo. Hapo hapo chuo kikapata jina lake, na kuanzia siku ile wakawa wanabisha kama watu wanaobishia nyumba yao.

Ubishi mkubwa ulikuwa juu ya kengele. Kama jua halitembei, nani atajua wakati wa kuingia darasani? Wakati wa kulala? Na sala? Hili la sala walilichukulia kwa uzito, na walifanya vizuri. Niliwaeleza habari za Sheikh Muszaphar Shukor, daktari wa Malaysia aliyerushwa kutoka Baikonur kwenda Kituo cha Kimataifa cha Anga mwezi Oktoba 2007, ndani ya Ramadhani. Kituo kile huizunguka dunia kama mara 16 kwa siku, hivyo jua huchomoza kila dakika tisini. Wanazuoni wa Malaysia walikaa wakamwandalia mwongozo: sala ni tano katika saa 24, na nyakati zifuate mahali aliporushiwa. Yule binti wa chungwa akaruka. "Basi kama wamerushwa kutoka Ngomeni, watasali kwa saa za Malindi!"

Na Ngomeni si ndoto. Kaskazini ya Malindi, baharini, kuna majukwaa ya San Marco ambayo Waitaliano waliyatumia kurusha setilaiti kuanzia 1967 hadi 1988. Walipachagua kwa sababu tuko karibu na ikweta. Dunia yenyewe hapo inakimbia kilomita zaidi ya 1,600 kwa saa kwenda mashariki, na roketi inayorushwa kuelekea huko huondoka na mwendo huo bila kuulipia mafuta. Nitarudi Ngomeni baadaye, maana nina dukuduku nayo.

Jumamosi iliyofuata mmoja wa wanafunzi alikuja na nyanya yake, mjane wa nahodha. Alikuja kwa sababu mjukuu alimshinda kwa maswali nyumbani. Tukamwekea kiti, tukampa kahawa na kashata, tukamweleza nchi ile ambayo jua halitembei. Akasikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza swali ambalo hakuna aliyelifikiria.

"Na maji? Hayapwi, hayajai?"

Nikasita, nikachukua chaki. Ikiwa sayari imeielekeza nyota uso mmoja daima, na haina mwezi, basi kama kuna bahari, maji yake yamevutwa na kukaa pale pale. Hakuna bamvua, hakuna maji mafu. Mvuvi hana pa kusomea siku. Nikamwambia hivyo.

Akasema, "Jua halitembei, maji hayatembei. Basi wahesabu miongo, mwanangu. Sisi hatukungojea kuambiwa."

Vijana wengi hapa hawaijui miongo, na hilo ni kosa letu sisi tuliowalea. Mabaharia na wakulima wa pwani hii walikuwa na mwaka wao wa jua wa siku 365, unaoanza Siku ya Mwaka, Nairuzi, na waliuhesabu kwa makumi. Kila siku kumi ni mwongo mmoja. Nahodha alijua mwongo gani kusi huanza kuchafuka na mwongo gani chombo kitweke tanga kwenda Arabuni, hata mawingu yakiwa yamefunika kila kitu. Ilikuwa hesabu ya kichwani, ikipokezanwa kwa mdomo. Sasa tazameni: mwaka wa Proxima b ni siku 11 na kidogo. Ni mwongo mmoja na siku moja na ushei! Bibi yule hakuijua takwimu hiyo alipolitaja neno. Wanafunzi walipopiga hesabu darasa zima lilipiga kelele. Kalenda ya chuo ikamalizika siku hiyo. Kijana wa miaka kumi na minane ya kwetu, kwa hesabu ya kule, ana miaka zaidi ya 580, na mhula mmoja wa masomo ni miaka minane.

Nitapita haraka kwenye majengo. Mabweni wameyachimba chini ya mwamba, kwa kuwa nyota ile hulipuka mara kwa mara na kumwaga miale ya hatari. Hewa ya kuvuta wanaitengeneza wenyewe; kwamba sayari ina hewa yake au haina, darubini bado zinatafuta, na wanafunzi hawakutaka kuijengea nyumba bahati. Mimea inapandwa chini ya taa. Yote yamechorwa, mchoro uko mezani pale, mtauona.

Nataka nikae kwenye jambo la umbali, kwa sababu hilo ndilo lililonileta hapa leo.

Mwanga hukimbia kilomita 300,000 kwa sekunde. Kutoka hapa hadi Mirihi unaweza kuchukua dakika tatu, au zaidi ya dakika 20 sayari zikiachana. Hadi Proxima b unachukua miaka minne na miezi mitatu. Chombo cha Voyager 1, kilichorushwa mwaka 1977 na sasa kinakwenda kilomita 17 hivi kwa sekunde, kingehitaji zaidi ya miaka 70,000 kuumaliza umbali huo. Namna ya kufika tuliiacha kwa waliozaliwa baadaye. Tulichukua swali moja tu: wakishafika, watazungumzaje na sisi?

Wanafunzi walitunga kisa. Binti wa mwaka wa kwanza, mwanafunzi wa mambo ya maji, anaamka anakuta maji ya kisima cha tatu yamegeuka rangi na yana harufu kama ya yai viza. Hakuna aliyewahi kuyaona hayo. Anaandika barua kwa walimu wa Mombasa, anaeleza kila kitu, anauliza: tuyanywe au tusiyanywe? Barua inasafiri miaka minne na miezi mitatu. Walimu wa Mombasa hata wakiketi usiku ule ule wakajibu kabla ya alfajiri, jibu litasafiri tena miaka minne na miezi mitatu. Linafika baada ya miaka minane na nusu. Wakati huo binti amekwisha hitimu, labda ni mama, labda ni mwalimu, na kisima kimeshaponywa au kimeshafukiwa.

Mvulana mmoja akasema kwa sauti ya mtu aliyevunjika moyo, "Basi hakuna haja ya kuuliza."

Tulikaa na maneno yake muda mrefu. Nikawaambia wazo langu, nami nawaambia na ninyi. Chuo kile hakiwezi kuwa tawi la chuo kingine, hata kikitaka. Mtihani hauwezi kutungwa kwingine, jibu haliwezi kungojewa, na mwalimu hawezi kusema "tusubiri waraka". Siku ya kwanza tu, maji yanapogeuka rangi, waliopo inabidi wafikiri wenyewe, wapime, wakosee na waandike walichokiona. Umbali unawalazimisha kuwa chuo kikuu cha kweli.

Na sisi tunaujua umbali wa aina hiyo. Hatukuhitaji nyota. Makerere ilipofungamanishwa na Chuo Kikuu cha London mwaka 1949, shahada iliyopatikana Kampala ilikuwa ya London. Afrika Mashariki ilipata chuo kikuu chake mwaka 1963, kikiwa na matawi Makerere, Nairobi na Dar es Salaam, na kufikia 1970 kila tawi likasimama peke yake. Kabla ya hapo kipimo kilikuwa ng'ambo.

Ali Mazrui, yule msomi mashuhuri wa siasa, alizaliwa mji huu huu mwaka 1933. Alifanya mtihani wa Cambridge, matokeo hayakutosha kumpeleka Makerere. Akawa karani MIOME, ile taasisi ambayo leo ni Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa. Kisha siku moja akasimama kuhutubia kwenye Maulidi, gavana Philip Mitchell akiwa miongoni mwa wasikilizaji, na hotuba ile ikamfungulia njia ya kwenda kusoma Uingereza. Akasoma Manchester, Columbia, Oxford. Na Makerere ile iliyomkosesha nafasi akiwa mwanafunzi ikaja kumpa uprofesa. Jibu lililotoka mbali juu ya kijana yule lilikuwa na makosa. Waliokuwa wamekaa naye pale, waliomsikia kwa masikio yao, walikuwa na jibu sahihi papo hapo. Huwa najiuliza ni makarani wangapi wa Mombasa ambao hawakupata Maulidi yenye gavana.

Sasa nirudi Ngomeni. Tarehe 12 Desemba 1970, siku tuliyokuwa tukitimiza miaka saba ya uhuru, roketi ilipaa kutoka jukwaa la San Marco ikibeba setilaiti ya Wamarekani. Wakaipa jina Uhuru, kwa heshima ya siku hiyo na ya nchi iliyowakaribisha. Ilikuwa setilaiti ya kwanza duniani kutengenezwa kwa ajili ya kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani. Ilipima mbingu nzima. Vipimo vyake vilisaidia kukitambua Cygnus X-1, kitu cha mbali angani ambacho ni cha kwanza kukubaliwa na wanasayansi kuwa shimo jeusi, yaani kitu chenye mvuto mkubwa hata mwanga hauwezi kukitoka. Riccardo Giacconi, aliyeongoza kazi ile, alipewa Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 2002.

Mimi nilifundisha mashimo meusi kwa miaka kumi na tisa bila kujua habari hiyo. Kitabu nilichopewa kufundishia hakikuitaja Ngomeni hata mstari mmoja. Nilikuja kuisoma katika jarida la kigeni lililoachwa na mgeni, nikiwa nimekaa kwenye foleni ya feri ya Likoni, na niliisoma ukurasa ule mara tatu. Neno la Kiswahili lilikuwa limeizunguka dunia miaka yote ile, limeandikwa katika vitabu vya falaki vya kila nchi, na mimi mwenye neno sikujua. Niliwafikiria wanafunzi wote waliopita mikononi mwangu. Wapo waliotoka Ngomeni kwenyewe. Niliwaonyesha michoro ya maabara za ng'ambo, na jukwaa walikuwa wakiliona wakienda kuvua na baba zao. Jambo hilo linaniuma hadi leo, na sitaki kulificha.

Ndiyo maana wanafunzi hawa walipoandika kanuni za chuo chao, sikubadilisha hata moja. Kanuni ya kwanza inasema kila mwanafunzi atafundishwa kwanza mahali alipo: mwamba wake, maji yake, jua lake. Ya pili inahusu lugha. Masomo yatafundishwa kwa Kiswahili, na kila kitu kipya kitapewa jina ndani ya mwongo mmoja tangu kionekane, na aliyekiona ana haki ya kupendekeza jina. Kuna mzazi aliniuliza kama Kiswahili kitaweza. Mzee wangu, mtu aliyeziita sayari Zuhura, Mirihi, Mushtarii na Zohali, aliyeijua Kilimia, lile kundi la nyota, na kuitumia kusubiria mvua, lugha yake imekaa na nyota zamani. Majina mengine tuliyapokea kutoka kwa Waarabu, tukayafanya yetu kwa kuyatumia kila siku. Chuo kile kitafanya vivyo hivyo na majina yatakayotoka popote. Kinachoua lugha ni kuachwa nje ya chumba ambamo vitu vipya vinaonekana.

Na upepo! Karibu nisahau. Kule, kama kuna hewa, upepo wa chini ungevuma zaidi kutoka upande wa baridi kwenda upande wa joto, mwaka nenda mwaka rudi, kama upepo wa bahari unaotupuliza mchana, ila haugeuki. Hakuna kaskazi na kusi. Jahazi lingekwenda na lisingerudi. Bibi yetu aliposikia hilo alitikisa kichwa akasema nchi hiyo ni ya watu wasiorudi kwao, tuwaombee. Wanafunzi wameiandika kauli yake juu ya lango la chuo, kwenye mchoro.

Nimalizie na barua. Tulikubaliana kwamba yule binti wa kisima ataituma barua yake ingawa jibu litachelewa. Waliiandika pamoja, wakafuta, wakaandika tena. Ina vipimo vyote: joto la maji, rangi, harufu, siku ilipoanza kwa hesabu ya miongo. Mwisho wa barua mvulana yule yule aliyesema hakuna haja ya kuuliza ndiye aliyeongeza mistari hii, kwa mkono wake: "Walimu wetu, sisi tumeshaanza kupima. Jibu lenu likifika, tutalilinganisha na letu. Nanyi tafadhali tuandikieni maji ya kwenu yakoje."

Sasa nawaomba tutoke hadi ukutani, upande wa bahari. Mawingu yameachana kidogo. Juu ya Likoni, kusini, mtaiona Salibu, zile nyota zilizokaa kama msalaba, na kushoto yake nyota mbili kali. Ile iliyo mbali zaidi na Salibu ni Alpha Centauri. Proxima iko karibu nayo, ila ni hafifu, haionekani kwa macho matupu. Mwanga wake unaotufikia usiku huu uliondoka kule wakati walio kidato cha nne leo walikuwa bado shule ya msingi. Wazee tangulieni, na mwenye tochi amshike mkono bibi kwenye ngazi.